Mazishi ya Kwanza ya Goreti

Karatu nzima hakuna mwanamke aliyekufa mara nyingi kama Goreti. Amekufa kwa sumu, amekufa kwa nyoka, amekufa kwa uzazi katika ile filamu ya afya iliyozungushwa shule kwa shule, na mara moja alikufa kwa kusukumwa ngazini na mke mwenza, ingawa nyumba waliyoazima ilikuwa na vidaraja vitatu tu na ilibidi ajiviringishe mwenyewe ili ajali ionekane ya maana. Siku ya mnada wauzaji wakimwona humwita Marehemu. Marehemu, nyanya hizi, Marehemu, karibu kitenge. Naye huinama akachagua nyanya huku akicheka, kwa sababu mtu hapewi jina la utani na watu wasiomjali, na Goreti alikuwa na njaa ya kujaliwa kuliko njaa ya chakula.

Wanaosema alikufa vizuri kwa sababu ana kipaji wanasema nusu ya ukweli. Nusu nyingine aliambiwa na Abdulwahabu mwenyewe, kijana wa mjini aliyemwingiza kwenye muvi. Lafudhi ya Goreti ilikuwa ya Kirundi, kila L ikitoka R, na haikufundishika. Abdulwahabu alimwambia kwamba akiishi sana kwenye filamu itabidi aongee, na akiongea watazamaji watajua si mtu wa hapa, kwa hiyo bora afe mapema wabaki na sura. Hakusema kwa ubaya. Alisema kama mtu anayepanga viti harusini, huyu akae huku, yule akae kule. Goreti akameza, akafa, akalipwa nauli na kitu kidogo, akarudi nyumbani kupika.

Na kweli si mtu wa hapa. Alizaliwa Makamba, kule Burundi, akavuka mpaka kuingia Kigoma akiwa mtoto wa kubebwa nusu njia na kutembezwa nusu njia, mkono wake ukiwa ndani ya mkono wa shangazi. Mama yake alibaki nyuma kufunga mlango. Ndivyo shangazi alivyomwambia: mama anafunga mlango, anakuja. Hakuja. Baadaye, kambini, watu waliotoka kijiji kile walisema waliobaki waliuawa wakafukiwa pamoja bondeni, wengine wakasema hawakufukiwa kabisa, kila msemaji na lake. Kisha shangazi naye akafa, akazikwa pembeni ya kambi, na kambi ilipofungwa nyasi zikala makaburi yote. Goreti alikua akiamini kwamba duniani kuna watu wa aina mbili, wenye makaburi ya kwao na wasio nayo. Jambo ukilishika tangu utotoni, hata padri hakuondolei.

Karatu alifikishwa na vitunguu. Alikuja na kundi la vibarua waliokuwa wakienda kuvuna mashamba ya Baray, kule chini karibu na Ziwa Eyasi, akavuna mpaka vidole vikanuka kitunguu hata Jumapili. Alipochoka na jua la bondeni akapanda mjini, akapata kazi za ndani kwa Mwanamwema, mama wa duka la vitambaa karibu na stendi. Mwanamwema ndiye mama yake Abdulwahabu. Kijana huyo alikuwa anapiga video za harusi, na kama wapiga video wote wa harusi aliamini moyoni kwamba Mungu alimwumba kwa ajili ya makubwa zaidi. Siku alipoamua kutengeneza muvi yake ya kwanza alihitaji mfanyakazi wa ndani atakayefungua mlango, aone maiti, apige yowe. Wasichana watatu wa mjini walipiga yowe kama watu walioona panya. Goreti, aliyekuwa analeta chai, aliambiwa ajaribu. Akapiga. Jirani wa nyumba ya tatu alikuja na rungu.

Basi hapo ndipo ilipoanzia. Ukihesabu alichokuwa kwenye kamera, Goreti amekuwa mtu wa kila kabila isipokuwa lake. Amekuwa Mwiraqw, Mchaga, mchawi kutoka Kongo, mjane wa Kipare. Wageni waliokuja Ngorongoro kushuti tangazo la biashara walimvika shuka na shanga wakamfanya Mmaasai, wakampeleka hadi Kakesio asimame mbele ya boma la watu akiangalia mbali. Mzee Metui, mwenye boma, aliuliza kwa upole kwa nini wameleta Mrundi ilhali wake zake wako pale wanakamua. Akajibiwa kwamba huyu ana uzoefu wa kusimama. Metui akatafakari, akasema vizuri, basi kesho waje pia na ng'ombe kutoka Burundi, kwa maana ng'ombe wake hawana uzoefu.

Mpishi wa kambi ya wageni wale alicheka mpaka akamwaga supu. Alikuwa Emilian, Mwiraqw wa Ganako, mtu mrefu mwenye meno yaliyotiwa kahawia na maji ya kwao, anayelima shamba la baba yake masika na kupikia watalii kiangazi. Alimwomba Goreti radhi kwa kucheka. Goreti akamwambia acheke tu, hata yeye anajiona kituko. Wakaoana kanisani mwaka uliofuata, na mahari, kwa kuwa Goreti hakuwa na ukoo wa kuipokea, ilipokelewa na Mwanamwema, mama wa Kiislamu aliyekaa mbele ya wazee wa Ganako na mtandio wake wa hariri akibishania mbuzi kana kwamba yeye ndiye aliyemzaa.

Mama yake Emilian aliitwa Sabina. Watu walimwonya Goreti kwamba Bibi Sabina ni mkali, na walikuwa sahihi, lakini ukali wake ulikuwa wa mtu aliyechoka kupoteza. Alikuwa amezika mume na mabinti wawili. Wote walilala pembeni ya shamba la mbaazi, kwenye mstari, na misalaba ya mbao iliyopakwa rangi nyeupe kila Pasaka. Alimpokea mke wa mwanawe kwa kumtazama kimya tangu kichwani hadi miguuni, kisha akamkabidhi jembe. Baada ya wiki alikuwa anamfundisha kupika majani ya maboga kwa maziwa ya mgando. Baada ya mwaka, Penina alipozaliwa, alikuwa hamwiti tena mke wa Emilian. Alimwita mwanangu.

Goreti aliyapalilia makaburi yale bila kutumwa. Sabina alimwona siku moja amepiga magoti anang'oa magugu kwenye kaburi la binti asiyewahi kumjua, akapita, na usiku ule akamwekea kipande kikubwa cha nyama. Huko makaburini ndiko Goreti alikomwuliza Emilian swali ambalo wanawake wengine huuliza kuhusu nyumba ya bati au kiwanja mjini. Alimwuliza, yeye akifa watamzika wapi.

Emilian alinyoosha kidole mwisho wa mstari. Akasema pale patakuwa pake yeye, na Goreti atalala kushoto kwake, kama kitandani.

Goreti hakulala vizuri siku ile kwa furaha. Mcheke ukitaka. Kuna watu wamepewa magari wasifurahi hivyo.

Ikaja sasa ile muvi kubwa. Abdulwahabu alikuwa amepata mtu wa Arusha wa kuweka hela, kamera mbili, na hadithi ya mwanamke anayekufa akaacha ndugu wakigombana juu ya kaburi. Goreti ndiye atakayekufa, bila shaka, lakini safari hii atakufa katikati ya hadithi na si mwanzoni, na jina lake litakuwa la kwanza kwenye bango. Tatizo likawa kaburi. Walikoomba walikataliwa, makaburi ya kanisa na ya mjini pia, na si ajabu, nani anataka watu wa kamera wakikanyaga wafu wake? Abdulwahabu alikuwa ameshafikiria kuandika upya sini nzima, mwanamke achomwe moto nje ya kamera, Goreti aliposema kwao kuna nafasi.

Kwao. Alilisema neno hilo mbele ya watu wote wa muvi na hakuna aliyemsahihisha.

Emilian alisitasita, akakubali kwa sababu hakujua kumkatalia. Kaka yake mkubwa, Isaya, alisema ardhi ni ya Emilian, afanye atakavyo, lakini yeye hataki kuonekana kwenye picha. Sabina alikataa kata kata. Goreti alimwendea jikoni mara kwa mara, akamweleza kwamba ni mchezo, ni kazi, ni jina la kwanza kwenye bango. Mwishowe bibi alisema anakubali kwa ajili yake tu, na kwamba siku hiyo yeye atakaa ndani. Pa kuchimba alipachagua Goreti mwenyewe. Alipachagua kushoto kwa pale Emilian alipoonyesha, mwisho kabisa wa mstari. Nani mwingine angemchagulia?

Siku ya kushuti Ganako nzima ilihamia shambani. Walikuwa wameahidiwa pilau. Abdulwahabu alikimbia huku na huku na kofia yake akiwapanga waombolezaji, huyu mbele, huyu nyuma, mzee usiangalie kamera. Kwa nafasi ya msoma sala alimchukua mzee Josephati, katekista mstaafu ambaye ndiye kweli aliyekuwa akizika watu wa pale padri asipofika. Akampa jina la mwanamke wa kwenye hadithi, Vaileti.

Josephati akaligomea. Alisema yeye hasali kwa jina la uongo. Amemzoea Mungu kwa miaka mingi na hajawahi kumtajia mtu ambaye hayupo. Abdulwahabu akabembeleza, akaeleza maana ya kuigiza, mzee akatikisa kichwa. Kama mnataka sala, akasema, itakuwa ya mtu aliyemo sandukuni, na aliyemo sandukuni amebatizwa Goreti. Jua lilikuwa linakwenda. Abdulwahabu akasema sawa, sauti ataibadilisha baadaye kwenye kompyuta.

Sanduku walikodi mjini, wakalitoboa tundu la hewa upande wa kichwani. Goreti akajilaza humo na gauni jeupe na rozari, kifuniko kikafungwa, akashushwa kwa kamba. Kazi kubwa ya muvi ni kungoja, akangoja. Halafu akamsikia Josephati.

Watu waliokuwa pale wanasimulia hadi leo. Waombolezaji waliambiwa walie, na mwanzoni walilia kilio cha pilau. Lakini mzee aliposoma jina, Goreti, mke wa Emilian, mama wa Penina, tunakurudisha mavumbini, na wimbo ukaanza, ule ule wanaouimba siku zote wakiwa wamesimama pale pale, mambo yakabadilika. Watu wa Ganako hawana nyimbo mbili za kuzikia, moja ya kweli na moja ya kamera. Wana ule mmoja. Kina mama wakashika vichwa. Mwanamume mmoja ambaye mke wake alizikwa mwezi uliopita akaondoka kwenye mstari akaenda kuegemea uzio. Udongo ukaanza kutupwa, mkono kwa mkono, ukigonga mbao.

Ndipo Sabina akatoka ndani. Hakuna aliyemwita. Alikuwa amekaa jikoni akasikia jina la mkwewe likisomwa na sauti ile ile iliyosoma majina ya mabinti zake, na miguu ikamtoa. Alikuja mbio akiwa bila viatu, akapita katikati ya kamera, akajitupa ukingoni. Goreti chini kule alimsikia wazi kupitia tundu. Alikuwa anasema, "Mwanangu, nani atanizika mimi?"

Na hapa ndipo pa kumhukumu Goreti kama unataka kumhukumu. Angeweza kugonga kifuniko. Angeweza kuita, mama nipo, nyamaza. Hakugonga. Alilala kimya gizani, machozi yakimwingia masikioni, na alikuwa na furaha. Katika maisha yake yote hakuwahi kusikia mtu akimlilia. Mama yake alikwenda kufunga mlango, hakuna aliyemlilia hata yeye, wakati ule haukuwa wa kulia. Sasa kijiji kizima kilikuwa kinamlilia Goreti kwa jina lake, kwenye udongo alioahidiwa, na alitaka sini ile isiishe.

Ikaisha. Abdulwahabu akapiga kelele kata, akaruka kwa shangwe, akasema hajawahi kupata kitu kama hicho. Vijana wakafungua kifuniko. Goreti akainuka na udongo kwenye nywele, macho mekundu, akicheka, akiwapungia watu kama bibi harusi. Watu wakacheka pia, wakapangusa nyuso, wakatukanana kwa utani, wakaelekea kwenye masufuria.

Sabina peke yake hakucheka. Alisimama, akakung'uta magoti, akamtazama kwa muda mrefu mkwewe aliyetoka kaburini. Kisha akarudi ndani. Pilau lake lilipelekwa na kurudi kama lilivyo.

Palibaki jambo dogo. Josephati alisema kaburi likishachimbwa na kusomewa halifukiwi tupu, ukatwe hata mgomba uzikwe humo, ndiyo desturi. Mgomba wa karibu ulikuwa kwa jirani wa ng'ambo ya bonde, sanduku linatakiwa dukani kabla ya kufunga, gari la Arusha linapiga honi. Goreti, aliyekuwa bado anaelea juu ya sifa, alimshika mzee bega akamwambia, "Mzee wangu, ni mchezo tu." Vijana wakarudisha udongo haraka haraka. Basi.

Tangu siku ile Sabina hakumwita tena mwanangu. Alimwita Mama Penina, kwa adabu kabisa. Aliitikia salamu, alipokea chai, alimbeba mjukuu. Lakini wanawake wanajua, kuna chai inayopokelewa na chai inayochukuliwa. Goreti aliona, akajiambia ni uzee, ni miguu inamuuma, itapita. Abdulwahabu naye aliishiwa hela katikati ya kazi, mtu wa Arusha akanuna, muvi ikalala kwenye kompyuta. Mwaka ukapita, na ukapita mwingine nusu.

Emilian alianguka kule juu, kwenye kambi ya ukingoni mwa kreta, asubuhi ya ukungu, akiwa anakaanga mayai ya wageni. Kiharusi. Wenzake walizima jiko, wakambeba, wakashuka naye barabara ile taa zikiwashwa mchana, na kabla ya kufika geti alikuwa ameshamaliza. Wageni, nasikia, walisikitika sana.

Goreti alipata habari akiwa shambani. Alilia, na kilio kilipotoka alikisikia kwa masikio yake mwenyewe, akakitambua. Kilikuwa kile kile. Kilio cha ule mlango wa muvi ya kwanza, kilio cha mjane wa Kipare. Alikuwa amekitumia kwa watu wengi wasiokuwepo, na sasa hakuwa na kingine. Msibani vijana wawili waliinua simu wakamrekodi. Nyuma yake alisikia msichana akimnong'oneza mwenzake kwamba Marehemu anajua kazi yake.

Wanaume wa ukoo walikaa kuamua pa kuchimba. Isaya alisema hakuna haja ya kutafuta. Kuna mahali palifunguliwa, pakasomewa, hapakupewa mtu, na pameita mtu. Wapachimbe pale pale, wapafunge. Goreti aliposikia alitoka chumbani na kanga kichwani akasema hapana, pale ni pake, Emilian ana pa kwake hapo jirani, yeye mwenyewe alionyesha. Isaya akamjibu kwa sauti ya chini kwamba leo si siku ya kubishana, shemeji. Udongo ulikuwa bado laini. Walimaliza kuchimba mapema kuliko kawaida, na Josephati akasoma, akikwepa kumtazama mjane.

Nataka kuwatendea haki watu wa Ganako, kwa sababu hawakumfanyia yale ambayo wajane hufanyiwa. Hawakumfukuza. Msiba ulipokwisha, nywele zikanyolewa, ukoo ukakaa uani na Isaya akasema mbele ya wote kwamba nyumba ni ya Goreti, shamba atalima yeye mpaka mtoto akue, na mtu asimguse. Wengi wangeshukuru wakanyamaza hapo. Goreti alishukuru. Kisha akasema ana ombi moja. Akaomba siku yake ikifika alazwe kando ya mume wake, upande wowote, hata wa kulia, hata miguuni.

Isaya akamwangalia mama yake. Watu wote wakamwangalia Sabina. Bibi alikuwa amekaa kwenye kigoda na fimbo yake mapajani.

"Mama Penina, wewe tulishakuzika."

Goreti alitabasamu kidogo, kwa mazoea, kama sokoni mtu anapomwita Marehemu. Akaona hakuna mwingine anayetabasamu.

"Ilikuwa muvi, mama," akasema.

"Kwako. Mimi sikuwa na muvi. Jina lako lilisomwa, watu walitupa udongo, nikatoka miguu mitupu nikakulilia machozi niliyokuwa nimekuwekea. Sikumlilia mtu hivyo, hata wa tumbo langu. Ukatoka mle unacheka, ukaenda kula." Akaielekeza fimbo makaburini. "Mahali tulikupa. Ukapaacha wazi, mwanangu akaingia. Sasa nikuzike tena, halafu aingie nani? Penina?"

Josephati alikuwa amekaa kwenye benchi karibu na mlango. Goreti alimgeukia, kwa sababu kama kulikuwa na mtu wa kusema kwamba sala ile haikuwa sala, alikuwa ni yeye. Mzee alifungua mdomo. Lakini ni yeye aliyekataa jina la uongo, mbele ya watu hawa hawa, na kila mmoja pale alikuwa anakumbuka. Akaufunga.

"Kaa," Sabina akasema, na safari hii sauti ilikuwa karibu na ile ya zamani. "Lima, lea mtoto. Nikiugua utanipikia. Lakini mtu hazikwi mara mbili."

Kikao kikavunjika, chai ikaletwa, na aliyeigawa alikuwa Goreti, maana nyumba ilikuwa yake.

Muvi ilitoka mwishoni mwa mwaka. Abdulwahabu aliuza mali zake akaimaliza, na kwa kuwa hakuwa na ujasiri wa kuionyesha Ganako, alimwomba Goreti aje kuiona mjini, sebuleni kwa mama yake. Mwanamwema alifunga duka mapema. Akamkalisha Goreti kwenye kochi, akamshikia mkono, akaweka sahani ya kashata ambazo hakuna aliyezigusa.

Maneno yote ya Goreti yalikuwa yametolewa, yakawekwa sauti ya binti wa Arusha anayeongea vizuri. Goreti alijiangalia akifungua mdomo na mwanamke mwingine akiongea. Hilo hakulijali, alishazoea. Alikuwa anangoja kaburi. Lilipofika, Abdulwahabu alianza kujitetea kwamba ile sala alijaribu kuibadilisha ikashindikana, wimbo umepanda juu yake, kwa hiyo jina limebaki. Mwanamwema akamwashiria anyamaze. Josephati akasoma, Goreti, mke wa Emilian, mama wa Penina. Sabina akaja mbio kutoka pembeni ya picha, miguu mitupu.

Kisha akaja Emilian. Siku ile, chini ya kifuniko, Goreti hakuweza kumwona, na hakuwahi kujua alifanya nini. Alikuwa kwenye shati lake la Jumapili. Aliinama, akachota udongo, akautupa taratibu, na wakati wale wote wanalia, yeye alitazama chini kwenye lile tundu la hewa akatabasamu. Tabasamu la mtu anayejua mke wake yuko macho. Abdulwahabu alisema kwa aibu kwamba hilo ni kosa, alitaka kulikata, lakini hakuwa na picha nyingine.

Mwanamwema aliuliza polepole, huku bado amemshika mkono, alikuwa anawaza nini mle ndani muda wote ule.

"Nilikuwa kwangu," Goreti akasema.

Akamwomba Abdulwahabu arudishe nyuma kidogo, pale Emilian anapotupa udongo.